Ukumbi, Uwanja na Mchezo wa Usiku: Maelezo juu ya Maneno Yatumiwayo Mzinga na Morogoro

Katika makala haya nakusudia kueleza maneno machache yatumiwayo katika mji wa Morogoro, na hasa upande wa Mzinga, kwa kutajia michezo ya usiku ichezwayo mahali pasipojengwa kwa ajili ya michezo: njiani, uani, baina ya nyumba na nyumba, au chini ya turubai lililofungwa kwa kamba jioni na kufunguliwa asubuhi. Wanahabari wameyaandika mambo haya mara nyingi, aghalabu kwa kulaumu. Wanalugha hawakuyatazama sana. Hata hivyo maneno yake yastahili kuchunguzwa, kwani Kiswahili kina njia mbili za kuitaja sanaa ya namna hii. Njia ya kwanza hutoka katika kitenzi ona, na ya pili hutoka katika kitenzi cheza. Nitajaribu kuonyesha kwamba mtu achaguapo njia moja na kuiacha nyingine hachagui sauti tu. Huchagua pia nani ahesabiwe kuwa mwenye sanaa, na nani awe na haki ya kuwapo mahali hapo usiku.

Yafaa kwanza kusema machache juu ya jina lenyewe. Mzinga ni mto ushukao kutoka milima ya Uluguru na kuingia katika bwawa la Mindu. Ni kata ya Manispaa ya Morogoro. Tena ni shirika la jeshi lililoanzishwa katika miaka ya 1970. Maana ya asili ni gogo lililochimbwa likawa wazi ndani. Nyuki wakiingia, huwa mzinga wa nyuki. Baruti ikiingia, huwa mzinga wa vita. Vijana wa leo wameliongezea neno hili maana mbili za usiku: mzinga ni chupa kubwa ya kileo kikali, na kumpiga mtu mzinga ni kumwomba fedha. Sikuzitaja maana hizi kwa mzaha. Ile ya pili tutaihitaji tutakapofika penye neno kutunza.

Sasa na tuueleze usiku wenyewe. Harusi ikikaribia, au mwali akitolewa ndani, wenye shughuli huomba kibali katika ofisi ya mtaa, hukodi vipaza sauti, na kufunga turubai mbele ya nyumba. Njia huzibwa kwa mabenchi na viti vya plastiki. Wanawake hupika uani, na moshi wa kuni hutangulia muziki. Watoto ndio wachezao kwanza, tangu alasiri. Wakubwa huja baada ya kula, na usiku ukisonga hupigwa taarabu, mchiriku na singeli mpaka karibu na adhana ya alfajiri. Shughuli hii huitwa kigodoro. Juu ya asili ya jina hilo hutolewa maelezo zaidi ya moja: wengine husema kwamba mkesha ni mrefu hata mgeni huhitaji kigodoro cha kujinyoshea, na wengine huleta habari ya vigodoro ambavyo baadhi ya wanawake hujifunga kiunoni ili kuyakuza maungo. Maelezo ya namna hii mara nyingi hutungwa baada ya neno kwisha kuzaliwa. Kwetu latosha kujua kwamba ni kidogo cha godoro, na kwamba kila amtajiaye mwenzake neno hili hucheka kidogo.

Aliyezoea maonyesho ya jukwaani akifika hapo hutafuta mbele na nyuma, asivione. Mpiga muziki yuko kibarazani pamoja na mitambo yake. Mwimbaji, kama yupo, hutembea na kipaza sauti katikati ya watu. Wachezaji ni mashangazi, ni mashoga wa bibi harusi, ni majirani, na mara nyingine ni dereva wa bodaboda aliyesimama kuuliza njia imefungwa mpaka wapi. Jirani aketiye mlangoni pake na kikombe chake cha chai naye yumo mchezoni, apende asipende, kwa kuwa kizingiti chake kimekwisha kuwa sehemu ya ukumbi, na jina lake laweza kutajwa katika wimbo kabla chai haijapoa.

Hapo ndipo kitenzi cheza kinapohitaji kutazamwa kwa makini. Mtu hucheza mpira, hucheza bao, hucheza dansi, hucheza ngoma. Wanawake wawekao fedha kwa zamu hucheza mchezo, na katika mchezo huo hakuna atazamaye: kila mmoja ana siku yake ya kutoa na siku yake ya kupokea. Lakini matumizi yenye faida kubwa zaidi kwetu ni yale ya unyago. Husemwa kumcheza mwali. Na mwali mwenyewe husemwa amechezwa. Mtendwa katika sentensi hii si ngoma, ni mtu. Mwali huenda ameketi kimya, ameinamisha kichwa, wala hanyanyui mguu. Kwa macho ya mgeni yeye ndiye mtazamaji wa pekee pale. Sarufi yakataa. Sarufi yasema kwamba mchezo wote ulitendwa juu yake, nao haukwisha mpaka ulipombadili: aliingia kigori akatoka mtu mzima. Waluguru, ambao hufuata ukoo wa mama kama walivyo majirani zao Wazaramo, Wakaguru na Wakwere, wamelishika jambo la mwali kwa nguvu. Na Marja-Liisa Swantz, katika kitabu chake cha mwaka 1970 juu ya Wazaramo, ameeleza kwa urefu desturi hizo na maana za ishara zake. Nionavyo mimi, hakuna nadharia ya sanaa inayoeleza kuingizwa kwa mtu ndani ya mchezo kwa ufupi kuliko kitenzi hiki kimoja katika kauli ya kutendwa.

Njia ya pili, ya ona, ndiyo iliyoshika vitabu vyetu. Onyesho ni kitu kilichofanywa kionekane. Sanaa za maonyesho, jina ambalo vyuo vimelichagua kwa fani yote hii, zatupa pande mbili tangu mwanzo: upande uonyeshao na upande uonao. Kisha huja jukwaa, ambalo zamani lilikuwa ulingo wa mbao wa kufanyia kazi za juu, na sasa huinua upande mmoja ili mwingine uutazame. Sisemi kwamba maneno haya ni mabaya. Mchezo wa kuigiza unaofanywa shuleni, na pazia lake, ni onyesho kwa haki kabisa. Nasema tu kwamba si vazi limfaalo kila mtu.

Ajabu ni kwamba baadhi ya maneno ya kigeni tuliyoyapokea yaunga mkono njia ya kwanza kuliko haya tuliyoyaunda wenyewe. Tamasha lilitujia kwa njia ya Kiajemi na lugha za Bara Hindi, lakini mzizi wake ni wa Kiarabu, katika kitenzi chenye maana ya kwenda kwa miguu. Umbo hilo maana yake ni kutembea pamoja. Kutoka kutembea pamoja, maana ikawa matembezi ya kujifurahisha macho, kisha ikawa kile kitazamwacho. Hadhira nayo hutoka katika mzizi wa kuhudhuria: hadhira ni waliohudhuria, waliopo mahali, wala neno halisemi kama wametulia au wanapiga makofi. Na starehe, ambayo siku hizi tukiisikia penye maneno sehemu za starehe twafikiri taa za rangi na bia, ni ndugu ya raha, na katika Kiarabu chake ni kupumzika tu.

Nimeyataja haya kwa sababu ya mabishano ya ng'ambo. Mwaka 1968 Richard Schechner na wenzake walicheza Dionysus in 69 mjini New York katika jengo lililoitwa Performing Garage, watu wakiwa wameketi juu ya vichanja vya mbao huku na huku, na mchezo ukipita kati yao. Mwaka 2000 Felix Barrett alianzisha Uingereza kundi la Punchdrunk, ambalo lilichukua Macbeth ya Shakespeare na kuitawanya katika vyumba. Mchezo huo, Sleep No More, ulichezwa London mwaka 2003. Halafu New York tangu mwaka 2011 hadi Januari 2025, katika maghala yaliyokuwa yamewahi kuwa kumbi za dansi za usiku. Kila aliyelipa kiingilio alivikwa kinyago cheupe, akakatazwa kusema, kisha akaachwa apande ngazi na kufungua milango apendavyo. Wengi waliona kwamba mtazamaji amewekwa huru.

Mtu wa Mzinga angeuliza kwanza habari ya kinyago. Katika kigodoro mgeni hafichwi, bali hutangazwa. Upande wa mume na upande wa mke huvaa sare, vitenge au kanga za aina moja, ili ijulikane tangu mbali nani amekuja kwa ajili ya nani. Desturi hiyo ina umri. Vyama vya beni, vilivyoanza katika miji ya pwani mwishoni mwa karne ya 19 na kuenea bara pamoja na askari na makarani wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, navyo vilikuwa na sare, vyeo na mashindano. Terence Ranger ameandika historia yake katika kitabu cha mwaka 1975. Yule wa New York alifichwa uso ili aweze kuingia. Wa kwetu huingia kwa sababu uso wake unajulikana. Wote wawili wametoka kwenye kiti, lakini hawakufika mahali pamoja.

Isidhaniwe kwamba Morogoro haikujua kumbi zenye kuta. Ilizijua vizuri, na kwa namna fulani mji huu ulikuwa mmoja wa walimu wa nchi nzima katika mambo ya dansi. Reli kutoka Dar es Salaam ilifika mwaka 1907, mashamba ya mkonge yakaleta watu wa mishahara, na watu wa mishahara wakataka Jumamosi yao. Morogoro Jazz ilianzishwa mwaka 1944. Salum Abdallah alianzisha bendi yake mwaka 1948 kwa jina la La Paloma, ambayo baadaye ikawa Cuban Marimba, akaiongoza mpaka alipofariki katika ajali ya gari mwaka 1965. Mbaraka Mwinshehe alipata sifa katika Morogoro Jazz, akaenda nayo Osaka kwenye maonyesho ya dunia ya mwaka 1970, akaiacha mwaka 1973 na kuunda Super Volcano. Naye alikufa kwa ajali ya gari, Januari 1979, nchini Kenya. Katika dansi kulikuwa na mlango, kiingilio, na jukwaa la wapiga vyombo. Kwa sura ya nje ni onyesho. Lakini anayelipa kiingilio cha dansi hununua nafasi ya kucheza, siyo nafasi ya kutazama. Na moja ya nyimbo zijulikanazo za Salum Abdallah huitwa Ngoma Iko Huku, ingawa iliyokuwako huko ni magitaa. Hilo jina moja latufundisha kwamba kwa mwimbaji wa Morogoro ukuta haukuibadili ngoma ikawa kitu kingine.

Hata neno ukumbi halikuanzia penye dansi. Ukumbi ni sehemu ya nyumba: ni ule upenyo utokao mlango wa mbele, wenye vyumba huku na huku, uishiao uani. Ni njia kabla ya kuwa chumba. Kadhalika neno kumbi hutumika kwa mahali pa jando, wanapowekwa wavulana waliotahiriwa. Sidai kwamba mzizi ni mmoja, ila nasema kwamba sikio la Mswahili limeyasikia yote mawili karibu karibu kwa muda mrefu. Wakati wa Waingereza lilihamishwa kwenye majumba ya mikutano na dansi, kama Ukumbi wa Arnautoglu wa Dar es Salaam, na tangu hapo twasema ukumbi wa starehe bila kukumbuka nyumba. Vijana nao wameliacha, wamerudi nje: kwao mahali pa kufurahia usiku ni kiwanja, na kwenda viwanja ni kutoka usiku, hata kama mahali penyewe pana dari, milango miwili na walinzi. Kilabu vilevile ligawanyika. Lilitoka katika Kiingereza mara mbili: kilabu chenye irabu ni pa pombe ya kienyeji, penye mabenchi na ndoo, klabu isiyo na irabu hiyo ni pa mpira au pa muziki wa usiku. Irabu moja hutenganisha bei mbili.

Nimeahidi kueleza kutunza. Kumtunza mwimbaji au mchezaji, au kumtuza kama wasemavyo wengine, ni kumwendea na kumpa fedha wakati yumo kazini, na kwa kitenzi hicho tumepata tuzo, ambayo leo ni zawadi itolewayo kwa sherehe na kamati. Katika taarabu, anayetunza hutoka kitini, hucheza polepole mpaka mbele, hunyanyua noti ionekane, kisha huiacha mkononi mwa mwimbaji; na mara nyingi huchagua ubeti wa kusimama nao ili jirani yake fulani ajue kwamba amesemwa. Mshairi alitunga ubeti kwa watu wote. Mwenye noti ameugeuza uwe wake. Katika miaka ya 1990 ushindani wa Muungano na TOT, vikundi ambavyo vilichanganya ngoma, vichekesho, sarakasi, maigizo na taarabu kwa saa nyingi katika kumbi na baa za Dar es Salaam, uliishi sana kwa jambo hilo. Siri Lange na Laura Edmondson wameviandikia vikundi hivyo. Kinyume cha kutunza ni kule kupiga mzinga: fedha ile ile, usiku ule ule, lakini mwenye kutunza huinuka na kwenda bila kuombwa, na mwenye kupigwa mzinga hufuatwa alipo. Watu wa baa huutambua mpaka huu kwa haraka sana, na aibu hukaa upande mmoja tu.

Mfano wa mwisho ni mdundiko, ngoma ya Wazaramo ambayo imefika pia mitaani Morogoro. Mdundiko hauna mahali. Wapigaji hutembea, na watu huufuata, na kila mtaa huongeza watu wake na kupoteza wengine. Wazazi wengi wana kisa cha mtoto aliyetumwa dukani akaupata mdundiko njiani, akakutwa jioni katika mtaa asioujua. Twasema kufuata ngoma, hatusemi kuitazama. Tukirudi kwenye asili ya neno tamasha, ile kutembea pamoja, twaweza kusema kwamba mdundiko ndio tamasha lililo kamili kuliko yote, ijapokuwa mabango ya matamasha hayautaji.

Sasa nafika penye ugumu. Tangu wakati wa Wajerumani na Waingereza, ngoma ya mjini ilihitaji ruhusa, na mara nyingi ada. Baada ya uhuru, Operesheni Vijana ya TANU ya mwaka 1968 ilikuja na marufuku ya mavazi, na mwaka 1969 muziki wa soul ulipigwa marufuku Dar es Salaam. Baraza la Sanaa la Taifa liliundwa kwa sheria ya mwaka 1984, na kanuni za mwaka 2015 zikaweka viwango vya kelele na mitetemo. Sheria nyingi za namna hii zimeandikwa kwa lugha ya ona: zatafuta ukumbi, mmiliki wa ukumbi, msanii aliyesajiliwa na watazamaji wenye umri fulani. Kigodoro hakina hata kimoja kati ya hivyo. Kwa hiyo kikifika mbele ya ofisa, hakifiki kama sanaa yenye kasoro. Hufika kama kero.

Na kero ipo. Sitaki kuwa kama wale wasifuo ngoma ya mtaa mwingine huku wao wamelala pasipo kelele. Mgonjwa aliye nyuma ya ukuta mmoja na vipaza sauti, mwanafunzi wa kidato cha nne katika wiki ya mtihani, mlinzi aliyetoka zamu ya usiku, hawa hawakuombwa. Tena baadhi ya uchezaji wa saa nane za usiku hufanywa mbele ya watoto wasiopaswa kuwapo, na hapo siwezi kuwatetea wakubwa. Lakini angalia dawa itolewayo kwa kawaida: shughuli ipelekwe ukumbini. Ukumbi hukodishwa kwa fedha, hufungwa kwa saa, na huingiwa kwa kadi. Shangazi asiyechanga hana kadi. Jirani wa chai kizingitini hatakuwamo, wala dereva wa bodaboda. Na wanawake walioimba uani huku wakichambua mchele watakuwa wamegeuzwa watazamaji, wameketi katika viti vilivyovikwa vitambaa vyeupe, wakimngoja mshereheshaji awaambie wakati wa kupiga vigelegele. Saa ya kunyamaza yaweza kuwekwa na mtaa wenyewe bila kuhamisha mchezo. Mitaa iliyokubaliana hivyo hupatana, na inayongoja polisi haipatani.

Kwa mwanalugha kazi ni ndogo zaidi, nayo yawezekana leo. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya mwaka 1981 isingeweza kukijua kigodoro kwa maana hii, wala kiwanja cha vijana; kamusi za baadaye hazina udhuru huo. Ningependekeza kigodoro kisielezwe kuwa ni onyesho wala kuwa ni muziki wa kihuni, bali kiandikwe hivi: mkesha wa ngoma au muziki uchezwao mtaani, aghalabu mbele ya nyumba yenye harusi au mwali, ambamo wenyeji, wageni na majirani hucheza pamoja. Na chini ya kidahizo cheza, baada ya mpira na bao, iongezwe maana ya kumcheza mwali pamoja na mfano mmoja wenye kauli ya kutendwa, ili msomaji aone kwamba mtu naye huchezwa.